Mpaka Keki Ikatwe

Kazi yangu ni kushona, na macho ya fundi hayana likizo. Kanisani, wenzangu wakiwa wamefumba macho kwa maombi, mimi naona pindo lililoachia na kola iliyokaa upande. Ukiniletea mtoto hapa Kimulot nimpime sare ya shule, kabla sijachukua tepu nimeshajua bega lipi liko chini. Watu wengi hawako sawa mabegani, na yule aliyebeba kikapu cha majani chai miaka mingi namtambua hata akiwa bado mlangoni. Nasema haya mapema ili nisije nikajitetea baadaye kwamba sikuona.

Msichana wangu wa mwisho alikuwa anatimiza miaka saba. Ndugu zake wakubwa walikua bila keki. Siku zao za kuzaliwa zilikuwa chai ya maziwa na mandazi, na mwaka mwingine tulisahau kabisa. Huyu alikuwa amealikwa kwa wenzake, akarudi na maneno mengi kuhusu mishumaa na maputo. Nikaamua kwamba safari hii tutafanya sherehe inayoitwa sherehe. Niliagiza keki Kericho mjini, nikaazima viti vya plastiki kanisani, nikamwalika mchungaji na mashemeji wote, hata wale ambao huwa hatuongei sana. Asubuhi nilipiga sakafu ya veranda polishi nyekundu, nikaisugua kwa gunia mpaka nikajiona ndani yake. Mama mkwe wangu, ambaye watoto wote wanamwita kogo, yaani nyanya, alipita hapo akishikilia ukuta akaniuliza kama nimewaalika wageni wakae au wateleze. Nilimjibu kwamba wageni wangu wanajua kutembea.

Nilikuwa pia nimeshona magauni manne ya satini ya zambarau, yenye mikono ya kuvimba, moja la msichana wangu na matatu ya marafiki zake. Nilitaka picha ipendeze. Mmoja wa hao marafiki alikuwa binti wa jirani yetu, mama mmoja kutoka upande wa Kisii ambaye anachuma majani kwenye mashamba ya watu na amepanga chumba nyuma ya posho mili, ile mashine ya kusaga mahindi. Alimleta mtoto mapema, nywele zimesukwa, miguu inang'aa mafuta. Yeye mwenyewe alikuwa amevaa gambuti tayari, maana mvua ilikuwa imenyesha usiku kucha na majani yalikuwa mengi.

"Fundi, nakuachia huyu," akasema. "Akikusumbua unipigie tu simu, nitakuja kumchukua."

"Huyu hajui kusumbua," nikamwambia, na ilikuwa kweli. Sijaona mtoto mtulivu kama yule.

Sasa, kwetu siku ya kuzaliwa haijakamilika kabla mwenyewe hajamwagiwa maji. Sijui desturi hii ilianzia wapi. Shuleni wanamwagiana, ofisini wanamwagiana, hata bibi harusi mmoja namjua alimwagiwa akiwa ameshafungwa kilemba. Na baridi yetu hii ya kupakana na msitu haimhurumii mtu, lakini usipomwagiwa unaona hukupendwa. Kawaida tunafanyia nje kwenye nyasi. Siku hiyo nje ilikuwa tope tupu, na mimi niliona satini yangu ya zambarau ikirudi ndani imechafuka kabla hata mpiga picha hajaitazama. Nikasema, "Mwagieni hapa hapa veranda." Mimi ndiye niliyewapa binamu za msichana wangu jagi na beseni la maji, kwa mikono yangu.

Mnaweza kuona kilichokuwa kinakuja. Mimi sikukiona. Maji yalimwagwa, msichana wangu akapiga kelele za furaha, watoto wakatimka huku na huku juu ya ile polishi. Binti wa jirani hakuwa anakimbia kucheza. Alikuwa ameingia ndani kumletea mwenzake taulo, bila kutumwa, na alipotoka nalo mbio miguu ikamwacha. Alianguka kwa bega la kushoto kwenye ukingo wa ngazi. Watu walicheka, kwa sababu wengine wawili walikuwa wameshateleza kabla yake na wakainuka wakicheka.

Nilimfikia wa kwanza. Alikuwa ameketi kwenye maji, mdomo umefunguka, ile dakika ambayo mtoto anavuta pumzi ndefu kabla ya kulia. Na wakati huo huo mchungaji alikuwa anaingia getini na mke wake, na shemeji yangu alikuwa anaiweka keki mezani huku akiwapigia watu kelele wasimsukume. Nikapiga magoti, nikampangusa uso kwa leso.

"Shh. Wewe ni msichana mkubwa," nikamwambia. "Usilie sasa. Ngoja mpaka keki ikatwe."

Akafunga mdomo. Pumzi ile aliyokuwa ameivuta aliimeza. Nilimketisha kwenye benchi na wenzake, nikampiga kofi jepesi la kumsifu gotini, nikaenda kumpokea mchungaji.

Sherehe zetu hazina haraka. Mchungaji aliomba, akaombea familia, wagonjwa, mvua na bei ya majani. Shemeji mkubwa alipewa nafasi ya kusema neno moja, akasema mengi. Ndipo keki ikakatwa, lakini kukata si kumaliza, kwa sababu lazima mwenye siku yake awalishe watu, mmoja mmoja, kwa mpangilio: kogo kwanza, kisha baba, kisha mimi, kisha shangazi ambao wangenuna wakipitwa. Kila mmoja anapigiwa makofi. Karibu saa nzima ilipita hivyo. Nilipokuwa nazungusha chai niliona kwamba yule mtoto ameshika kiwiko chake cha kushoto kwa mkono wa kulia, amekikumbatia. Msichana wangu alipomfikia na kipande chake, alifungua mdomo tu akalishwa. Hakuachilia kile kiwiko. Nilijiambia kwamba ana aibu.

Kisha tukaitwa kwenye picha. Mpiga picha akawapanga wale wanne wenye magauni mbele, na mimi nikasimama nyuma yake kukagua kazi yangu. Na hapo nikaona. Bega la kushoto la yule mtoto lilikuwa limeshuka, limeingia mbele, na gauni lilikuwa limekunjamana pale ambapo nilikuwa nimelipima mimi mwenyewe juma lililopita likakaa sawa kabisa. Ningeweza kuwaambia ni inchi ngapi. Gauni halipungui bega kwa juma moja. Nilijua hivyo, na bado nikamwendea, nikashika satini pale begani nikaivuta juu ili mshono ukae mahali pake.

Alifumba macho. Hakutoa sauti. Jasho lilikuwa limemtoka juu ya mdomo, kwenye baridi ile. Nikajua kwamba kuna kitu kimevunjika ndani, nikajua bila shaka yoyote, na nikarudi nyuma ya mpiga picha nikangoja abonyeze. Alibonyeza mara kadhaa. Nimejaribu kutafuta neno la kumwita mtu niliyekuwa kwa muda ule, na maneno yote ninayopata ni yale ambayo huwa nawaita watu wengine.

Baada ya hapo nilifanya mambo kwa kasi, na watu wakanisifu. Kogo alikuja na mafuta ya ng'ombe akitaka kumkanda. "Mutyo, mtoto wangu, mutyo," alimbembeleza kwa Kikipsigis, pole, pole, huku akitafuta pa kushika. Nilimzuia mama mkwe wangu mbele ya watu, jambo ambalo sijawahi kufanya, nikasema mfupa haukandwi. Nilikunja kitenge pembe tatu, nikaufunga ule mkono kifuani usitikisike. Nikamwita jirani mwenye pikapu ya maziwa, nikampakata mtoto mbele, nikamwambia dereva aende polepole kwenye mashimo. Kwa muda mfupi nilijiona shujaa. Natamani ningeweza kulicheka hilo, lakini ni kweli, nilijiona hivyo.

Daktari wa kituo cha afya alikuwa msichana mdogo, mpole. Alimgusa kidogo tu akasema huenda ni mtulinga, ule mfupa unaoshikilia bega kutoka kifuani, tutahitaji picha.

"Ameanguka saa ngapi?" akaniuliza akiandika.

"Sasa hivi tu," nikasema.

Mtoto aliniangalia. Daktari hakuinua kichwa.

Lile gauni lilikuwa na zipu ya mgongoni, na kulivua kungemlazimu ainue mkono. Daktari akasema tulikate. Nilimwomba mkasi, kwa sababu nilitaka angalau hilo nilifanye vizuri, nikaanza kukata mshono wa begani taratibu, nyuzi zangu mwenyewe, mmoja baada ya mwingine. Satini ilipofunguka tukaona uvimbe umesukuma ngozi juu. Ndipo yule mtoto akanivuta sketi kwa mkono mzima.

"Anti," akasema kwa sauti ya chini sana. "Sasa naweza kulia?"

Daktari aliinua kichwa akaniangalia. Mimi nilikuwa na mkasi mkononi na sikuwa na mahali pa kuangalia. Nikasema ndiyo. Nikasema lia, mama, lia. Alilia kilio ambacho sijawahi kukisikia kwa mtoto, hakikuwa na kelele, kilitoka tu kwa muda mrefu kama maji ya bomba lililoachwa wazi, na mimi nililia naye, ingawa mimi sikustahili.

Mama yake alifika akiwa bado amefunga ile aproni ya plastiki ya kuchumia, vidole vyeusi kwa utomvu wa majani. Mtu alikuwa amempigia simu shambani. Alimwangalia mtoto, akamgusa shavu, halafu akanigeukia mimi.

"Pole sana, fundi," akasema. "Ameharibu sherehe yako."

"Usijali," nikamjibu.

Yaani nilimsamehe. Mimi. Daktari alikuwa hapo na akasikia, akaendelea kufunga bandeji. Alimweleza mama kwamba mifupa ya watoto huunga haraka, na kwamba ni vizuri aliletwa mara moja.

Kesho yake ilikuwa Jumapili na sikwenda kanisani. Nilichukua maziwa, mkate na keki iliyobaki, nikaenda nyuma ya posho mili. Njiani nilijiambia kwamba mfupa utaunga hata nisiposema kitu, na kwamba huyu mama ana mambo yake ya kutosha bila kuongezewa langu. Nilikuwa nikitafuta ruhusa ya kunyamaza, nikaikosa, maana kila nilipofikiria kunyamaza niliona ule mdomo ukifungwa.

Nilimkuta ameketi kwenye kigoda akichambua mboga. Mtoto alikuwa kitandani nyuma ya pazia, amelala, nikadhani. Sikungoja kukaribishwa chai. Nilimwambia kwamba hakuletwa mara moja. Nikamwambia kuhusu polishi, maji, mchungaji, keki, na maneno niliyomwambia mtoto wake. Alisikiliza huku mikono ikiendelea kutenga majani na mabua.

"Alikaa hivyo muda wote?" akauliza.

"Muda wote."

"Na wewe uliona?"

"Mwanzoni sikuona. Kwa picha niliona."

Mikono ikasimama. Nilingoja anitukane. Nilitaka anitukane, nilikuwa nimetoka nyumbani nikiwa tayari, ningepokea hata kofi na kurudi nikiwa mwepesi kidogo. Lakini aliangalia zile mboga kana kwamba zimeharibika zote.

"Ni mimi nilimwambia," akasema. "Asubuhi, nikimpaka mafuta. Nilimwambia, ukienda kwa watu usilie lie, utaonekana huna adabu, na hawatakuita tena." Akashika bua moja, akaliacha. "Hiyo gauni ilimfurahisha sana, fundi. Nikaogopa wasimwite tena."

Nilikuja kuweka mzigo wangu chini, na badala yake nilimkuta mwenzangu ameubeba wake, na wangu haukupungua hata kidogo. Aliinuka, akajipangusa mikono kwa sketi, akafungua pazia. Mtoto hakuwa amelala. Alikuwa ameketi kitandani, mkono umefungwa kifuani kwa bandeji nyeupe, na bila shaka alikuwa amesikia kila neno.

"Kuja," mama yake akamwambia, akijaribu kutabasamu. "Anti amekuja kukuona. Unamwambia nini?"

Alishuka kitandani polepole, akaja mpaka mbele yangu, akainamisha kichwa ili nimguse, kama watoto wa huku wanavyofundishwa kusalimia wakubwa. Niliweka kiganja changu juu ya nywele zake.

"Asante kwa keki," akasema.

Nami, kwa sababu mdomo wangu pia ulifundishwa mapema, nikajibu, "Karibu tena."