Wale Tuliowaandika "Hakupatikana"

Kwa siku nne nilikosa usingizi kwa sababu ya kiboksi kimoja kwenye dodoso. Nikiandika kwamba Furaha ana kazi, nitakuwa nimesema kweli au nimemchongea? Nikiandika kwamba hakupatikana, nitakuwa nimemlinda au nimewaponza wanaongoja nafasi darasani? Nawaandikia ninyi mtakaoifanya kazi hii baada yangu, maana mkataba wangu umekwisha mwezi huu na naondoka nimeridhika, jambo ambalo kwangu si la kawaida. Furaha si jina lake.

Siku ya kwanza nilitoka Dzaleka, kambi ya wakimbizi hapa Malawi, alfajiri, nikabadilisha minibasi Lumbadzi, nikafika ofisini Lilongwe saa nzima kabla ya wakati. Shahada yangu nilikuwa nayo ndani ya bahasha, na bahasha ndani ya mfuko wa plastiki, mvua isije ikanyesha. Haikunyesha, wala hakuna aliyeiomba shahada.

Tulipewa kazi ya kupima mpango wa serikali wa mafunzo ya kazi. Mpango uliwafundisha ushonaji na useremala watu wasio na ajira, wakimbizi wa kambini pamoja na wenyeji wa vijiji vya jirani. Walioomba walizidi nafasi, ikapigwa kura ya bahati nasibu. Walioshinda walifundishwa. Walioshindwa wakawa kundi la ulinganisho, yaani wale wanaotuonyesha maisha yangekuwaje bila mafunzo. Baada ya mwaka mmoja unawatembelea wote kwa dodoso moja. Ukikuta waliofundishwa wamewapita wenzao, unajua mpango umesaidia.

Msimamizi wetu, Mrundi wa makamo aliyewahi kuwa mwalimu, alinifundisha kazi kwa kunitembeza kambini. Alinionya nisimuulize mtu kama ana kazi, maana mama anayeuza mandazi atajibu hana. Niulize alifanya nini siku saba zilizopita, na kwa saa ngapi. Mbele ya nyumba ya kwanza nilisimama nikisoma maswali upya kimoyomoyo.

"We unaogopa bantu kuliko banavyokuogopa," alisema. "Piga hodi, mwanangu. Mlango haiko na meno."

Nilipiga hodi. Baada ya mwezi nilikuwa nakaribishwa nsima, ugali wa huku, kabla sijajieleza, na nilianza kuipenda kazi.

Kilichonisumbua ni namba tisa. Kwenye tableti, tisa maana yake hakupatikana. Katika kundi la ulinganisho ilikuwa adimu, lakini kwa waliofundishwa nilikuwa naiandika mara kwa mara. Jirani anasema amehama, hajui wapi. "Andika tisa, twende," msimamizi alikuwa akisema, na tunakwenda.

Matokeo ya awali yakatoka: makundi mawili yalikuwa karibu sawa. Mkuu wa takwimu, mama wa Kimalawi ambaye sijawahi kumsikia akipaza sauti, alituita ofisini. "Tusipoona tofauti, wizara haitakuwa na sababu ya kuendelea," alisema. "Darasa litafungwa." Kambini kulikuwa na wasichana waliokwisha kuandikishwa kwa awamu ya pili.

Jumamosi ile nilikwenda kupunguza suruali katika mtaa mmoja wa Lilongwe ambao sitautaja. Barazani mwa duka, nyuma ya cherehani, alikuwa amekaa Furaha, mama kutoka Bukavu niliyemfahamu kwa sura kambini, mmoja wa waliofundishwa, ambaye nilimwandika tisa kwa mkono wangu mwenyewe.

"Yaya Furaha!" nilimwita, kama kwao wanavyomwita dada mkubwa. "Tulikutafuta nyumbani mara tatu."

Hakusimamisha mguu. "Njo vile. Munatafuta mutu mwenye kazi nyumbani saa ya kazi! Nani alibafundisha, ninyi?"

Wateja wakacheka, nami nikacheka. Nilipotoa tableti akaacha kushona.

"Iyo kitu inapiga picha?"

"Hapana. Inaandika tu mahali tulipo."

"Eh! Fasi niko?" Akashusha sauti. "Mi sina ruhusa ya kukaa inje ya camp, unajua. Ukiandika fasi, siku ingine banakuja na lori, banarudisha mi na batoto. Hapana, ndugu yangu. Andika hukuniona."

Nilizima tableti, nikaondoka na suruali yangu ndefu vilevile. Ndipo nilipoelewa tulivyokuwa tukikosea. Aliyejifunza kushona alikwenda waliko wateja, na kwa kuwa alikwenda, tukamfuta. Tulikuwa tunawapima wale waliobaki tu. Tena, kila dodoso linaanza kwa ahadi kwamba majibu yatakuwa siri, na mashine yetu inanasa mahali kabla ahadi haijasomwa. Niliisoma ahadi hiyo mbele ya watu wengi bila kuwaza. Ndizo zile siku nne.

Siku ya tano niliiacha tableti ofisini, nikachukua dodoso la karatasi, nikarudi kwa Furaha. Nilimweleza yote: matokeo, darasa, mashine. Nikamwambia asipotaka nitaondoka. Alimaliza mkono mzima wa gauni kabla ya kujibu.

"Kama sisi wote tunajificha, bale badada ba nyuma batakosa masomo?"

"Inawezekana, yaya."

"Basi andika. Andika nashona siku sita. Andika batoto banasoma. Lakini jina ya fasi, hapana."

Kesho yake nilimpelekea mkuu wa takwimu karatasi ile. Tuliongea Kiingereza na Kichewa. Mazungumzo nayaweka hapa kwa Kiswahili.

"Mahali pa kazi hapajajazwa," alisema.

"Nimepaacha kwa makusudi, madam. Nilimwahidi siri."

"Kanuni inasema dodoso bila mahali halihesabiwi."

"Basi kanuni ibadilike, au mtafute mtu mwingine wa kwenda kwa watu kama yeye. Mimi sitapajaza."

Nilishtuka kusikia sauti yangu. Alisoma karatasi mara mbili, akafungua jalada, akakata namba tisa mbele ya mstari wa Furaha, akaandika: ana kazi.

"Wako wangapi wengine?"

"Mbali na yeye, niliowaandika mimi kwamba hawakupatikana ni kumi na wawili."

Ripoti ya mwisho ilikuja kuonyesha tofauti, si kubwa sana lakini ya kweli, na darasa likaongezewa muda. Asubuhi ile hakuna aliyeyajua hayo. Mkuu alihesabu karatasi kumi na mbili, akafuta kwa kalamu mstari wa mahali kwenye kila moja, akanipa. Nikashuka ngazi, nikaenda kuwatafuta.