Kumshika Mkanda Mpiga Picha

Mume wangu amepiga picha za filamu kwa miaka ishirini na sita. Nyingi ni za ngumi na mateke, zile ambazo mtu mmoja anawalaza kumi na shati lake halichomoki. Nyingine ni filamu ndogo za watu wanaojitegemea wenyewe, na huko ndiko moyo wake uliko.

Kazi yake ngumu kuliko zote ni kurudi kinyumenyume. Mwigizaji anakuja mbele, yeye anarudi nyuma, kamera begani, jicho halibanduki. Nyuma yake lazima awepo mtu wa kumshika mkanda wa suruali na kumwongoza. Huyo ndiye macho yake ya kisogoni.

Mwaka juzi, kwenye filamu ya mapigano, aliyemshika aligeuka kutazama mlipuko. Mume wangu akaanguka kutoka barazani, akavunjika nyonga. Mungu ni mwema, mfupa uliunga. Hofu ilibaki. Akawa anapiga picha za kusimama tu, kamera juu ya stendi ya miguu mitatu. Sikumsema. Nilimkanda mafuta na kumwombea.

Kisha binti mmoja aliyejifunza kazi kwake akamwita. Alikuwa anaongoza filamu yake ya kwanza, na alitaka mhusika wake, mama mmoja, ashuke ngazi za ghorofa nne akiwa na begi la mwanawe, kamera ikimtangulia kinyumenyume, picha isikatwe hata mara moja. Mume wangu akakubali.

Siku yenyewe nilikuwepo, maana nguo za waigizaji nashona mimi. Kila kijana aliyesogea kumshika, alimkataa. Nikamsikia anamwambia yule binti atafute mpiga picha mwingine. Nikachomeka sindano kwenye gauni, nikapanda hadi alipokuwa, juu kabisa ya ngazi.

"Baba watoto, nitakushika mimi."

"Wewe? Wewe unaogopa hata kupanda kiti kutoa utando wa buibui."

"Ndiyo maana sitageuka kutazama kitu kingine."

Akaiweka kamera begani. Kisha akanigeuzia mgongo, nikaushika mkanda.

Tulikubaliana nimvute mara moja kwa ngazi, mara mbili kwa kona. Tukashuka. Jasho lake lililowesha vidole vyangu, na kila unyayo wake ulitangulia kupapasa kabla ya kukanyaga. Tulipofika chini, fundi wa sauti akavua visikizio vyake masikioni.

"Mama, samahani. Kuanzia ghorofa ya tatu nasikia mtu anasali."

Walicheka wote, nami nilitamani kujificha ndani ya kapu la nguo. Picha yote imeharibika kwa mdomo wangu. Nilimtazama mume wangu, nikajua sasa ataomba kwenda nyumbani.

Alifuta kioo cha kamera kwa pindo la shati. Akamuuliza mwigizaji kama bado ana nguvu, kisha akaanza kupanda peke yake, hakumsubiri mtu. Nikasikia sauti yake kutoka ghorofa ya pili.

"Njoo, mke wangu. Safari hii sali kimoyomoyo."