Mwaka Alipoondolewa Mama wa Kwenye Kona

Televisheni sikuitaka mimi. Aliileta mwanangu anayeendesha lori la mizigo kutoka Isaka kwenda Rwanda. Akaiweka juu ya kabati la vyombo, akafunga sola kwenye bati na dishi ukutani, akasema, "Mama, sasa na wewe utaiona dunia." Nikamwambia dunia nimeshaiona na sikuisifu. Alipoondoka tu nikaifunika kitambaa.

Aliyeifunua ni mjukuu wangu. Huyu ni mtoto wa binti yangu. Alipokuwa anatambaa alishikwa na homa ya uti wa mgongo, tukamkimbiza hospitali ya Kolandoto akiwa amekakamaa kama kuni. Akapona, tukamshukuru Mungu, tukarudi naye nyumbani kulima. Mvua zikaisha, tukavuna, ndipo tukagundua kwamba hageuki akiitwa. Baadaye mama yake aliolewa upande wa Tabora na mwanaume aliyesema waziwazi kwamba mtoto bubu hamtaki kwenye mji wake. Mtoto akabaki kwangu. Na bubu si neno lake. Sauti anayo, ng'ombe akimkanyaga utaisikia hadi barabarani. Ni kiziwi.

Alisomeshwa shule ya bweni mjini Shinyanga, huko wakamfundisha lugha ya alama. Alipomaliza darasa la saba akarudi nyumbani, na tabu ikaanzia hapo, maana kijiji kizima hakukuwa na mtu wa kusema naye. Mimi na yeye tulikuwa na alama zetu za jikoni tangu utotoni mwake: njoo, kula, kuni, ng'ombe, acha. Ukiziangalia vizuri, zote ni za kumtuma mtu. Za kuzungumza hatukuwa nazo. Anarudi shambani ana jambo usoni, mikono inakwenda mbio, mimi namtazama tu. Mwisho anaishusha mikono, anachukua ndoo anakwenda kisimani. Miaka ikapita hivyo, akawa msichana mkubwa, anapika ugali kuliko mimi, na sijui hata mara moja aliwahi kuota ndoto gani.

Basi siku moja akaifunua ile televisheni akaiwasha, ikawa ni wakati wa taarifa ya habari. Pale chini kwenye kona palikuwa na kijidirisha, ndani yake mama mmoja amevaa gauni jeusi anachezesha mikono. Mjukuu wangu alikaa chini sakafuni kama aliyesukumwa. Halafu akaanza kumjibu. Mtu wa kwenye kioo anasema, na yeye huku chini anajibu, anauliza, anapinga, anacheka. Nilidhani amepagawa. Kisha nikaelewa kwamba hakuna aliyemsemesha sentensi nzima tangu atoke shule.

Tangu hapo kitambaa kile nikakifanya cha kufutia meza.

Jirani yangu, mzee wa ng'ombe wengi na maneno mengi zaidi, akawa anakuja kila jioni kusikiliza habari. Kwetu binti akimwamkia mkubwa hupiga magoti na kuinamisha macho. Mjukuu wangu alipiga magoti lakini macho akayainua.

"Huyu binti mbona ananikodolea macho kama mbuzi?" jirani akaniuliza. "Hamumfunzi adabu?"

"Macho ndiyo masikio yake. Akiyainamisha, salamu yako itaingilia wapi?"

"Basi apige magoti."

"Ameshapiga. Au na wewe huoni?"

Akakaa kwenye kigoda akimung'unya michembe, vile viazi vikavu nilivyomwekea, macho kwenye kioo hadi hali ya hewa.

Sasa mimi shule sikwenda sana. Nilifika darasa la pili, nikatolewa kulea wadogo zangu. Lakini jioni zile ndipo niliposoma. Mtangazaji anasema "mvua", nasikia, na wakati uleule yule mama wa kwenye kona anashusha vidole. Anasema "hospitali", namuona anachora msalaba begani. Sikio langu linachukua neno, jicho linachukua mkono. Mjukuu akiona nimejaribu anakuja kuninyoosha vidole, na hana huruma hata kidogo. Nikikosea ananipiga kofi dogo mkononi, vilevile nilivyokuwa nampiga yeye akikosea kusonga ugali. Nikajua mvua, ajali, waziri, bajeti, mafuriko, daraja, uchaguzi. Tukaanza kuzungumza, kwa maneno hayohayo. Ng'ombe wa jirani walipoingia kwenye mpunga wetu aliniambia: mafuriko, ng'ombe. Jirani mwenyewe alipewa jina la waziri, kwa sababu ya kukaa sana na kuongea.

Mwaka uliofuata ndio watu wa kituo wakaanza kubadilisha mambo.

Kwanza chaneli ile ikahama namba. Unawasha, unakuta watu wanacheza mpira wa nchi za baridi. Mjukuu akabonyeza rimoti mchana kutwa hadi akaipata, haikuwa mbali. Halafu ikatoka kwenye zile za bure, ikawa mpaka ulipie kifurushi. Nikapima mchele nikauza, nikalipia, sikulalamika. Halafu saa ya habari ikasogezwa mbele, tukasogeza na chakula. Kila mabadiliko yalipokuja tuliyafuata kama kuku anavyofuata mtama.

Ikaja jioni mtangazaji anatabasamu, anasema kituo kimepata muonekano mpya. Meza mpya, ya kioo. Rangi mpya. Chini pakawa na maandishi yanayokimbia, na pembeni tangazo la sabuni linalowakawaka. Kwenye kona hakuna mtu.

Mjukuu wangu aliinuka akaenda kwenye televisheni. Akachukua pindo la kanga yake akaipangusa ile kona. Akapangusa tena. Akanigeukia.

Mimi niliona jambo ni wazi kabisa: kona imekatwa. Dishi limesogea, upepo ule wa vumbi ulikuwa umepita wiki ileile, picha imekwenda upande mmoja, na yule mama amebaki nje ya fremu. Nikamwita fundi.

Fundi akapanda ukutani na spana yake. Mimi nikasimama mlangoni naangalia kioo.

"Sogeza kushoto!" nikamwambia.

"Bibi, picha inatoka?"

"Picha inatoka, lakini mtu wa kwenye kona hajaingia. Sogeza tena."

"Mtu gani, Bibi?"

"Wewe sogeza!"

Akasogeza zikaja chenga. Akarudisha. Jirani alikuwa pale, na yeye akatoa amri zake, anataka dishi liinuliwe kichwa. Mjukuu amekaa mbele ya kioo, kila dishi likiguswa anainua mkono kutuambia bado. Fundi mwisho akashuka, akaingia ndani, akaangalia, akanieleza taratibu kama unavyomweleza mgonjwa: "Bibi, dishi halikati mtu. Hapa picha imekuja yote. Wamemtoa wenyewe huko huko."

"Wamemtoa kwa sababu gani?"

"Hiyo mimi sijui. Mimi nafunga dishi."

"Basi nani anajua?"

Akakuna kichwa kwa spana.

Niliwapigia simu wa huduma kwa wateja kwa simu ya jirani. Sauti ikasema bonyeza moja, bonyeza mbili. Nikabonyeza. Ukapigwa muziki hadi salio likaisha. Siku ya pili nikampata binti mmoja mwenye sauti tamu. Nikamwambia mkalimani wenu hayupo. Akaniuliza, "Mama, kwani picha haionekani?" Nikasema inaonekana. "Sauti je, haisikiki?" Nikamwambia sauti inasikika sana, na hiyo ndiyo shida. Akasema ngoja nikuunganishe na kitengo. Sikukiona kitengo hadi leo.

Nikaenda Kahama kwa wakala, dukani kwake ving'amuzi vimepangwa kama matofali. Nimevaa gauni la kanisani ili nisidharauliwe. Yule kijana wa dukani alikuwa na adabu, aliniamkia vizuri, akanipa kiti.

"Bibi, labda uchukue kifurushi kikubwa."

"Kwenye kikubwa yumo?"

"Kuna chaneli nyingi sana, Bibi. Katuni, tamthilia..."

"Nimekuuliza, yumo?"

Akaniangalia. "Sijui, Bibi. Kusema kweli sijawahi kumwangalia huyo mtu."

Nilimheshimu kwa jibu lile. Wengi wangeniuzia. Nikarudi nyumbani na sukari na habari ileile niliyokwenda nayo. Kulikuwa na chaneli moja ya mahubiri yenye mkalimani Jumapili, mwanaume wa haraka haraka. Mjukuu alimwangalia mara mbili akazima.

Kilichofuata sikuweza kukizuia. Hakulia, hakukataa kazi. Alilima, alipika, aliosha vyombo. Lakini ile mikono ikanyamaza. Jioni nilimfuata na maneno yangu, mvua, daraja, uchaguzi, akawa ananitazama kwa upole kama mtu anayesikiliza kasuku. Sikuwa na pa kujifunzia mengine. Ningemuuliza yeye, lakini ili umuulize mtu neno lazima uwe na neno la kuulizia. Tulirudi kwenye kuni na ng'ombe. Nilikaa mbele ya kioo kile nasikia habari za dunia nzima, na aliyekaa ubavuni mwangu hana hata moja. Nikawa naona aibu kuiwasha.

Mwanangu nilimwambia kwa simu alipofika Isaka. Akasema, "Mama, hapo hakuna la kufanya, hao ni watu wa Dar es Salaam." Kama vile ananiambia ni ugonjwa.

Kiangazi kilipofika tulikwenda mnadani kuuza mbuzi. Nilikuwa nabishana na mnunuzi, nilipogeuka mjukuu hayupo. Nikamtafuta hadi kwenye mitumba. Nikamkuta amesimama na mwanamke mmoja mwenye vumbi jeupe hadi kwenye kope, na mikono yao wote wawili inaruka. Watu wamewazunguka wanacheka. Wao hawana habari. Mjukuu wangu uso wake ulikuwa umefunguka, sijui niseme nini, ulikuwa kama mlango.

Yule mwanamke alikuwa kiziwi wa machimboni, upande wa Geita. Wiki iliyofuata alikuja nyumbani na dada yake anayesikia, ili amsemee. Wakapiga magoti wote. Nikawapa maji, nikawapa ugali na mlenda, na baada ya kula dada mtu akasema, akiniita mama kwa Kisukuma.

"Mayu, mdogo wangu anasema pale machimboni wapo wanawake viziwi kadhaa. Wanaponda mawe na kuosha mchanga pamoja, wanaishi ua mmoja. Anamwomba huyu binti akakae nao."

"Kuponda mawe."

"Ndiyo, Mayu. Kwenye makarasha, zile mashine za kusaga mawe, kelele ni nyingi, watu wanaosikia wanaumwa vichwa. Wao hawasumbuki."

Yule mwanamke akachezesha mikono, mjukuu wangu akacheka.

"Amesema nini?" nikauliza.

"Anasema pale ndipo mahali pekee ambapo wenye masikio ndio walemavu."

Sikucheka. Nikamwambia, "Naijua dhahabu. Ndugu yangu aliingia duarani, kwenye shimo la dhahabu, ardhi ikamfunika, tukazika nguo zake. Na ninyi mnaoosha, ile zebaki mnaishika kwa mkono mtupu, mnapikia watoto kwa mkono huohuo. Unaniambia nimtoe huyu nimpeleke huko?"

Dada mtu akaangalia chini. "Ni kweli, Mayu. Sitakudanganya."

"Basi mwambie mdogo wako nimekataa."

Hakuwa na haja ya kumwambia, alishauona uso wangu. Mjukuu naye aliuona. Akaja mbele yangu, akapiga magoti, lakini macho yake akayaweka kwenye yangu. Akainua mkono kuonyesha televisheni, imezimwa, nyeusi. Kisha akajionyesha mwenyewe kifuani. Halafu akaishusha mikono yote miwili akaiweka mapajani, akaiacha pale, imelala.

Nilimwelewa. Tungekuwa na maneno, ningembishia. Ningemwambia habari za zebaki, za maduara, za wanaume wa machimboni na ahadi zao. Yote ninayajua na yote ni kweli. Lakini nilikuwa na "hapana" tu ya kutikisa kichwa, na "hapana" peke yake ni ya kumwambia mtoto mdogo. Huyu hakuwa mtoto. Nilitafuta mikononi mwangu neno la kumweka, nikakuta ajali. Nikaifanya: ajali, ajali. Akaitikia kwamba anajua.

Aliondoka nao asubuhi kabla jua halijawa kali. Niliwasindikiza hadi stendi ya Kahama. Nilimfungashia michembe, karanga na blanketi lililokuwa la babu yake. Wale wengine wawili wakapanda, kondakta akaanza kugonga bodi la basi. Mjukuu wangu akasimama mbele yangu akaanza kusema. Alisema kirefu. Mikono ilipanda, ikashuka, ikaenda upande wa nyumbani, ikarudi kifuani kwake, ikagusa kidevu changu. Alikuwa hana haraka, anayarudia mengine, kama mtu anayetaka yakae. Niliangalia kwa nguvu zangu zote. Nikapata "mvua". Nikapata "daraja". Katikati yake kulikuwa na mambo mengi na sikuyapata. Dada mtu alikuwa ameshaingia kwenye basi, na kumwita ashuke anitafsirie maneno ya mjukuu wangu mwenyewe sikuweza.

Akamaliza. Akaningoja.

Nikaitikia kwa kichwa. Sijui nilikubali nini. Akanikumbatia kwa nguvu, akapanda.

Jirani huniuliza kila anapokuja, kama aliniambia atarudi lini. Namjibu amkamate mwenyewe amuulize. Hucheka, huwasha televisheni, na mimi namwachia, nakwenda kukaa nje.