Nambari Moja ya Wakiuru

Siku Wakiuru alipoingia mara ya kwanza katika hadiwea ya Ngatia, duka la vifaa vya ujenzi, pale Kutus, hakununua hata msumari. Alitaka kupitisha waya wa televisheni juu ya nyumba za kupangisha za Ngatia. Ngatia akamjibu kwamba paa ni mali, na mali hukodishwa. Mama yule alipewa kiti asiketi; alizunguka kati ya mikebe ya rangi akijadiliana kama mtu anayechelewa kwingine. Alipotoka, waya ulikuwa umepata ruhusa, Ngatia ameahidiwa televisheni ya bure dukani, na nguzo mbili za mbao ziko njiani kwa mkokoteni. Hadi jioni Ngatia hakuelewa nguzo zake ziliingiaje katika mapatano.

Tangu hapo alimtazama kwa jicho la biashara. Wakiuru alikuwa ameuza nyanya, akauza kadi za simu, akafungua redio za watu na kuzifunga tena. Sasa alikuwa na chumba kilichojaa dekoda zinazopulizwa na feni, na waya mweusi uliotoka paa hadi paa mpaka karibu kila ploti ya mji. Chaneli ya nambari moja aliitengeneza mwenyewe. Haikuwa na mpira wala sinema. Ilikuwa na maandishi na picha tu: nani kafariki na atazikwa lini, zamu ya maji ya mfereji ni ya nani, ng'ombe wa nani kapotea. Watu walimletea habari kwenye kaunta kwa ada ya chai, akazichapa huku akila amesimama.

Kisha ikasikika kwamba mwenye leseni mmoja tu ndiye atakayesambaza televisheni kwa waya eneo hilo. Wakiuru hakuwa na leseni hata ya waya. Ngatia aliharakisha kuomba kwa jina la kampuni yake, akaenda kumwambia Wakiuru amuuzie waya kabla haujakatwa. Bei aliyotaja ilikuwa ya vyuma chakavu.

"Ngoja kikao, mzee," Wakiuru akamwambia. "Watu waseme kwanza."

Kikao cha kwanza cha maoni ya umma kuhusu leseni hiyo, Kerugoya, kilihudhuriwa na viti. Kikaitishwa cha pili, na mara hii ukumbi ulifurika hadi madirishani. Ngatia alikaa mbele. Angewezaje kushindana na umati huu?

Moffat, ofisa aliyeongoza kikao, alifurahi waziwazi. Alisema sera ya utangazaji ipo kwa maslahi ya umma, na leo umma umekuja. Akauliza kama wote waliona tangazo gazetini.

Mzee Muriithi akasimama, kofia mkononi. "Gazeti ya nini, bwana? Sisi tuliona kwa nambari moja ya Wakiuru. Hata ng'ombe yangu ilipotea ikapatikana huko. Huyo mama ndiye radio yetu, ndiye chifu."

Ukumbi ukapiga makofi. Wakiuru alifumba macho. Ngatia naye alielewa papo hapo: walikuwa wamemtia Wakiuru kitanzi kwa shukrani.

Moffat aliacha kutabasamu. "Hiyo nambari moja iko na leseni gani, mama?"

"Leseni hakuna," Wakiuru akasema. "Lakini watu ndio hawa."

Moffat hakuwa mtu mbaya. Alieleza polepole kwamba chaneli hiyo izimwe siku hiyo hiyo. Inaweza kurudi kama ya jamii, ikiombwa na chama, isiwe mali ya mtu mmoja. Na mwenye waya atalazimika kuibeba bila kuitoza. Leseni ya waya ilikwenda kwa Ngatia, kwa kuwa hakukuwa na mwombaji mwingine.

Langoni Ngatia alipunguza hata ile bei yake ya kwanza. Wakiuru alikuwa akitembea huku na huku kando ya ua.

"Waya utanunua," akasema, "lakini watu hununui. Nikiwaambia wang'oe, watang'oa."

"Utawaambia na nini? Nambari moja si imezimwa?"

"Keshokutwa ni Jumapili, mzee. Matangazo ya kanisa husomwa na nani kama si mimi?"

Walibishana mpaka ukumbi ukafungwa na askari akawaomba waondoke langoni, na mwisho wake Ngatia alilipa bei ya waya mpya kwa waya uliochubuka. Isitoshe, alikubali chaneli ya jamii ikae pale pale kwenye nambari moja, alipokuwa amepanga kuweka mpira wa Ulaya.

Chama kilisajiliwa, chaneli ikarudi. Wakiuru ni katibu wake, hana mshahara, na haruhusiwi kutangaza biashara yake mwenyewe. Watu wanamletea habari za misiba bado, na sasa hawezi kuwatoza hata ya chai. Pesa za waya alinunulia kipande cha shamba la mpunga, na hapo napo, wanasema, haketi.

Wateja wote ni wa Ngatia. Upepo ukikata waya, simu inayolia ni yake. Huinuka kabla hajamaliza chakula, akatafuta ngazi, na mpigaji, kabla hata ya salamu, anamuuliza kwa nini amezima nambari moja ya Wakiuru.