Opereta wa Nini?

Sitaki kuambiwa nina kinyongo. Ninacho, na nimekilea mwenyewe.

Mzee alikuwa Mhungaria, mpiga picha wa filamu tangu ujana wake. Alikuja kutengeneza filamu ya wafugaji waliohamia bonde la Usangu kutoka kaskazini, akanichukua mimi, mpiga video wa harusi na kipaimara hapa Uyole, nimbebee mizigo. Wiki ya pili macho yake yakafanya ukungu. Vumbi la ng'ombe, uzee, sijui. Akanikabidhi kamera. Yeye anakaa kitini, ananiuliza mwanga umeangukia wapi, mimi namjibu, napiga. Kwao, alisema, mtu wa kamera anaitwa opereta. "Sasa opereta ni wewe." Jamani, nilivimba kichwa! Siku tuliyokwenda Mafinga kununua mahitaji nikajitambulisha hivyo kwa wapasua mbao, wakaniuliza naendesha katapila gani. Nikacheka nao, mjinga mimi.

Tuliporudi bondeni, baba mkwe akafariki kijijini kwao, Iringa. Mke wangu alinipigia simu analia. Nikamwambia siwezi kuja, kamera iko mikononi mwangu, nikiondoka kazi yote inasimama. Akasema, "Haya. Nitawaambia hivyo." Wakazika bila mimi.

Kazi ilipoisha, dada mmoja wa ofisi ya watayarishaji, Dar, akapiga simu kuandika majina yanayotokea mwisho wa filamu.

"Kaka, wewe ulikuwa nani?"

"Opereta."

"Opereta wa nini?"

Mzee alikuwa pembeni yangu anakunywa chai. Nitajisifuje mbele ya mtu mzima aliyenifundisha? Nikaona aibu. "Opereta tu, dada. Mwenye kamera ni mzee." Adabu hiyo niliyochapiwa viboko utotoni ndiyo iliyoniponza.

Filamu ilifika mwaka jana, mzee ameshafariki huko kwao. Nikawaita shemeji zangu wote nyumbani, nikanunua soda, nikakaanga na kuku, waje wajionee wenyewe kilichonizuia msibani. Wakatazama. Wakasifia ng'ombe, wakasifia lile jua linavyopita kwenye vumbi. Nikawaambia ngojeni majina, msiinuke. Mpiga picha: mzee. Langu likaja chini kabisa, baada ya dereva: opereta wa jenereta.

Jenereta! Hatukuwa nalo hata moja, betri tulichaji kwa sola! Nilieleza mpaka sauti ikakauka, nikaonyesha kwa mikono nilivyoshika kamera. Shemeji mkubwa akawa anaangalia soda yake. Hakunibishia. Afadhali angenibishia, ningepata wa kugombana naye.

Walipoondoka, mke wangu akaanza kukusanya chupa. Nilimsubiri apige kelele, hakupiga. Akaniuliza taratibu tu, "Kwani siku ile moja hakukuwa na mtu mwingine wa kuwasha jenereta?"