Siku Nilipomdai Mke Wangu Kwenye Mahari ya Wengine

Chekeni tu, nimeshazoea, maana siku hizi hata wauza mkaa wa mtaa wetu wa Nyakabiga wakiniona wanaziba mdomo. Na kosa lilikuwa langu. Mke wangu, Mama Aline, alianza kutoka kila Jumamosi mchana amejipamba, anasema ana kazi Kinanira, basi, na mi badala ya kumuuliza ni kazi gani (mtu ninayelala naye kitanda kimoja, jameni!) nikaamua kumfuata.

Essence, yaani petroli, haipatikani kirahisi mjini na teksi ni shida, kwa hiyo nilipanda kilima cha Kinanira kwa miguu, yeye mbele mi nyuma, nimevaa miwani myeusi ya sokoni na kofia imeshuka mpaka puani, najiona mpelelezi mkubwa, kumbe nimelowa jasho mpaka soksi. Akaingia kwenye ua wenye hema na viti vingi. Nikajibanza mlangoni pamoja na madereva wa wageni. Baada ya muda nikamwona anatoka ndani ya nyumba amevaa imvutano, ile nguo yetu ya sherehe inayofungwa begani, anang'aa, wanawake wanapiga vigelegele, kijana wa suti anasimama kumpokea, na mzee msemaji anatangaza, "Ua tulilofuata ndilo hili!"

Damu ikanipanda kichwani. Miaka tisa ya ndoa, na mke wangu anaolewa naona! Nikaruka viti, nikapiga kelele, "Apana! Huyo ni bibi yangu! Nilishatoa ng'ombe kwa baba yake!"

Ndipo nikamwona bibi harusi mwenyewe, msichana mfupi, kafichwa na urefu wa Mama Aline aliyekuwa akimwongoza kwa mkono. Kumbe kazi yake ndiyo hiyo, kuwavalisha mabibi harusi na kuwaleta mbele ya wageni.

Ningekimbia, lakini kwenye sherehe zetu za mahari mtu haombi mke kwa mdomo wake mwenyewe, anaombewa na msemaji, na yule msemaji hakutaka kuiacha nafasi hiyo impite. "Karibu, mukwe," akaniambia polepole. "Msemaji wako ni nani? Na vinywaji umeviacha wapi?" Hema zima likaangua kicheko. Akamgeukia mke wangu. "Basi tuulize mwenyewe. Mama, huyu mutu unamujua?"

Kuchekwa si kitu. Niliogopa atasema hapana, na ningekuwa yeye ningesema hapana. Mama Aline akaniangalia kutoka miwani hadi viatu.

"Namujua. Ni bwana yangu. Angoje inje, nimalize kazi."

Nikangoja saa tatu nzima, madereva wananipa pole huku wanacheka. Tulishuka kilima, yeye mbele mi nyuma, na tulipokaribia nyumbani akasema bila kugeuka, "Papa Aline, hakuna mwanaume anakuja kunichukua. Lakini we ukiendelea hivi, nitaondoka peke yangu."

Nikaapa palepale barabarani, simfuati tena. Na simfuati. Jumamosi nabaki nyumbani, ila hofu bado ninayo, sitawadanganya: naenda mlangoni, naangalia barabara, narudi, naenda tena, mpaka Aline ananiuliza, "Papa, unatafuta nini?" Namwambia natafuta upepo.