Chupa Niliyomchorea Fundi

Nilikuwa na miaka ishirini, nafanya kazi katika kiwanda kidogo cha kupiga chapa mjini, na kila jioni narudi Temeke kwa miguu, vidole vyeusi kwa wino. Kazi yangu ilikuwa kupanga herufi za madini ya risasi na kusafisha mashine. Mashine tulizifuta kwa magazeti ya zamani ya Kizungu yaliyoletwa kwa marobota, na humo ndimo nilimoziona kwa mara ya kwanza zile picha za kuchekesha ambazo siku hizi kila mtu anaziita katuni.

Ya kwanza ninayoikumbuka ilikuwa ya bwana mnene mwenye kofia. Kisanduku cha kwanza anatembea kwa maringo, cha pili miguu iko juu, cha tatu amekaa ndani ya beseni la maji, cha nne mkewe anacheka. Kiingereza changu kilikuwa cha kubahatisha, lakini picha ile niliielewa yote. Niliichana nikaitia mfukoni. Kuanzia siku hiyo mashine zilifutwa kwa kurasa za matangazo na bei za katani tu; kurasa za vichekesho zilikwenda nyumbani kwetu.

Mama hakuzipenda. Alisema mwenye kuchora viumbe atatakiwa siku ya Kiyama avitie roho, na mie nitasimama pale na vibwana vyangu vyenye pua ndefu sijui nifanye nini. Kwa hiyo nilichorea nje, barazani, juu ya mabaki ya karatasi za kiwandani.

Hapo ndipo jirani yetu aliponikuta. Alikuwa fundi wa kuandika vibao vya maduka, mtu wa makamo, mrefu, mwenye sauti ya chini. Nusu ya vibao vya Temeke vilikuwa vyake: vya wauza nguo, vya vinyozi, vya duka la Mwarabu pale kona. Siku hiyo alikuwa anatoka kuswali alasiri. Nilimwamkia, akaitikia, akainama kuangalia karatasi yangu kwa muda.

"Huyu wa kwanza na huyu wa tatu ni ndugu?" akauliza.

Nikamwambia ni mtu mmoja.

"Basi hujajua kuchora bado, mwanangu. Kumchora mtu si kazi. Kazi ni kumchora mtu yuleyule mara nne."

Alinieleza kwamba wakati wa vita alipelekwa Burma, akawekwa karakana kuandika namba kwenye malori. Pale palikuwa na askari wa Kizungu aliyechora vichekesho kwa ajili ya gazeti la kambi, nao walikaa benchi moja miezi mingi. Yeye mwenyewe aliporudi alibaki na herufi tu, kwa sababu ya dini na kwa sababu ya riziki. Lakini mkono wake ulikuwa bado unajua.

Nikawa naenda uani kwake karibu kila siku baada ya kazi. Mkewe alikuwa pale akipepeta mchele au akisuka ukili, naye alinipa chai kama mtoto wa nyumba. Fundi alichora kwa mkaa juu ya kipande cha bati, kisha akafuta kwa kitambaa, ili isibaki sura ya kiumbe nyumbani mwake. Alinifundisha kuanza kichwa kwa yai, kulikata yai kwa mistari miwili, na kupanga macho juu ya ule mstari wa kulala. Alinifundisha kwamba hasira iko kwenye nyusi na woga uko mabegani. Alinikataza kuchora mdomo kabla sijajua mtu wangu anataka nini. Wiki mbili nzima nilichora mtu mmoja tu, muuza maji, mpaka fundi aliposema sasa anamtambua hata akipewa mgongo.

Mkono wake wa kulia ulikuwa unatetemeka. Kila mtu Temeke aliliona hilo. Alipoandika kibao alikishika kiganja cha kulia kwa mkono wa kushoto, akavuta pumzi, akaishusha taratibu, na katika ile pumzi moja akaiandika herufi nzima. Herufi ilitoka imenyooka. Watu walidhani ni homa ya zamani, naye aliwaacha wadhani hivyo.

Mie aliniambia. Ilikuwa siku ya mvua, tumekaa chini ya kipenu, na wala sikuwa nimemuuliza. Alisema bomu liliangukia ile karakana, wakafukiwa yeye na wenzake wawili. Walipofukuliwa kesho yake, yeye peke yake alikuwa hai. Usiku kucha alikuwa ameshika mkono wa mwenzake na hakujua ulipoa saa ngapi. Tangu hapo mkono wake haujatulia. Alisema habari hiyo anaijua mkewe, na sasa mimi.

Kiwandani kwetu lilikuwa linachapwa gazeti dogo la Kiswahili, mara moja kwa wiki. Mhariri wake alikuwa kijana mwenzetu aliyesoma, mchangamfu, asiyekaa kitini. Nilipoona nimeiva nikampelekea kichekesho changu. Akakitazama akanirudishia. Akaniuliza huyu Mzungu mwenye kofia ametoka wapi, na msomaji wake amjulie wapi. Akataka nimchoree mtu ambaye msomaji akitoka nje atamwona.

Nilirudi nyumbani nikijaribu watu kichwani. Muuza maji hakuchekesha. Mwarabu wa dukani nilimwogopa. Mtu niliyemjua kwa kila mstari, niliyeweza kumchora mara nne akawa yuleyule, alikuwa mmoja.

Kichekesho kilikuja chenyewe. Fundi wa vibao amepanda ngazi, muuza nyama yuko chini anamwagiza aandike NYAMA SAFI. Kisanduku cha pili, fundi ameshika kiganja chake, mkono unatetemeka, rangi inaruka. Cha tatu, anashuka kwa fahari. Cha nne, kibao kinasema NYANI SAFI na wateja wanakimbia. Nilijiambia hakuna atakayemtambua. Nilimpa tumbo asilokuwa nalo. Lakini ule ushikaji wa kiganja niliuacha kama ulivyo, kwa sababu ndio mstari mzuri kuliko yote niliyowahi kuchora, na sikutaka kuupoteza.

Mhariri alicheka hadi akakaa. Kisha akaniuliza swali. "Kwa nini mkono wake unatetemeka? Msomaji lazima ajue."

Nimeishi miaka mingi na dakika ile. Jibu nilikuwa nalo. Ningeweza kusema ni mzee, au nimfute mkono nitafute kichekesho kingine. Badala yake nilichukua kalamu mezani kwake, nikachora chupa chini ya ngazi. Mistari minne, na kizibo kando. Mhariri akanipiga bega.

Gazeti lilitoka Jumamosi. Jumapili asubuhi nilipita kwa muuza kahawa nikakuta watu wamelizunguka. Walikuwa wamemtambua kabla hawajamaliza kisanduku cha pili. Muuza nyama wa kweli, ambaye kweli alikuwa amemwagiza fundi kibao, alikuwa anasema kwa kucheka kwamba yeye sasa ataandikiwa na mtu mwingine, asije akauza nyani. Mwingine akasema kumbe ndiyo sababu, na sie tulidhani homa. Walijua nafanya kazi pale linapochapwa. Mmoja akaniuliza kama yule wa pichani ni fundi jirani yangu.

Nikacheka pamoja nao. Nikasema, "Mtajua wenyewe."

Sikulazimishwa na mtu kusema hivyo. Nilipenda jinsi walivyonitazama.

Siku ya tatu nilikutana na mke wa fundi bombani. Nilimwamkia, akaitikia marahaba bila kunitazama, akangoja debe lake lijae. Nilimsaidia kujitwisha, kwa kuwa hapakuwa na mwingine wa kumsaidia. Akiwa na debe kichwani akaniambia shemeji yake amekuja jana kutoka Kiwalani, amekaa sebuleni, ameuliza mume wake ameanza kunywa tangu lini. Akasema hayo tu, akaenda zake.

Jioni nilikwenda. Nilizunguka nyumba mara mbili kabla ya kubisha. Fundi alikuwa uani, gazeti liko mapajani, limekunjwa palepale penye picha. Nikamwamkia, akaniambia nikae. Nilikaa mkekani nikangoja anifukuze.

Aliweka kidole juu ya kisanduku cha pili. "Mkono umeukosea," akasema. "Umeutetemesha vidoleni. Mkono wa namna hii unaanzia begani, hapa. Vidole vinafuata tu."

Akachukua mkaa, akashika kiganja chake, akanichorea bega juu ya bati. Ni kweli, lilikuwa bora kuliko langu. Akalifuta. Kisha akatazama tena gazeti.

"Chupa umeichora vizuri," akasema. "Sikumbuki kukufundisha chupa."

Yeye alinyanyuka akaanza kuosha brashi zake. Nilikaa kidogo, nikaondoka bila kuaga. Nilipokuwa mlangoni nilimsikia mkewe akimwuliza kama chai nimekunywa, naye akajibu kuwa sikukaa sana.

Ningependa kuandika kwamba niliacha siku ileile. Mhariri alitaka kingine, wasomaji walikuwa wakiuliza habari za yule bwana wa ngazi. Nikachora viwili zaidi. Chupa niliitoa, na nikajidai kwamba huko ndiko kurekebisha. Lakini hakuna aliyeihitaji tena chupa; walishamjua bwana yule kuwa mlevi. Na bega, katika hivyo viwili, nililichora kama alivyonionyesha.

Niliacha nilipoona fundi ameteremsha ubao wake mwenyewe uliokuwa juu ya mlango, ule unaosema anaandika vibao vya kila aina. Kazi zilikuwa zimekwisha. Mwezi haukupita, wakahamia Chanika, kwenye shamba la marehemu baba yake. Walipakia vitu kwenye lori la mihogo lililokuwa likirudi tupu. Mie siku hiyo nilikuwa kazini, na nilishukuru kuwa kazini.

Nilikaa karibu mwaka ndipo nikaenda. Nilimkuta anapalilia, mwenye afya kuliko alivyokuwa Temeke. Mkono ulikuwa unatetemeka hata juu ya mpini wa jembe. Aliacha kazi, akanikaribisha kivulini, akaniuliza habari za mama. Mkewe alileta maji ya kunywa, akayaweka mbele yangu, akarudi ndani.

Nikamwambia nimekuja kuomba radhi. Nilikuwa nimepanga maneno mengi njiani, yakatoka matatu.

"Nilikusamehe siku ulipokuja na kukaa mkekani," akasema. "Lakini mie nilikuwa najua kuwa sinywi. Asiyejua ndiye hujaenda kumwambia."

Alisema bila ukali. Kisha akanionyesha shamba lake lote, hadi mpakani, na kunifungia mihogo ya kumpelekea mama.

Ijumaa iliyofuata nilikusudia kusimama msikitini Temeke baada ya swala, niseme ukweli. Watu wakatoka, nami nikatoka nao. Ijumaa ya pili vivyo hivyo. Ya tatu nilimwendea imamu mapema nikamwambia, ili nisiweze kukimbia, naye akawaomba watu wabaki. Nikasimama nikasema kwamba yule fundi hakunywa hata siku moja, kwamba chupa niliiweka mimi, na kwamba mkono wake uliharibika vitani. Habari ya mwenzake sikuisema. Ile haikuwa yangu.

Wachache walinitazama. Muuza nyama alitazama chini. Mzee mmoja akasema Mungu atusamehe sote, watu wakaenda kuchukua viatu. Nje nilisikia kijana mmoja akimwuliza mwenzake fundi gani huyo anayesemwa, na mwenzake akamjibu, yule mlevi aliyehamia Chanika.

Nilimpelekea fundi habari kwamba nimesema. Nilimtuma mtu wa lori la mihogo, na mtu wa lori aliporudi aliniambia amefikisha, na kwamba mzee alisema ahsante. Niliendelea kuchora, maana ndicho nilichokijua, na nimekula kwa kalamu hiyo mpaka leo. Vijana wakija kujifunza kwangu nawaanzishia kwa yai na mistari miwili. Wakiniuliza nilifundishwa na nani, nawaambia ni fundi mmoja wa vibao aliyekuwa jirani yetu, na kabla hawajauliza zaidi nawaambia wachore.